Ziwa Tanganyika na siri ya dagaa wa Kigoma

Na Mwandishi Wetu, Mchafukoge

MTEJA anayesimama mbele ya magunia ya dagaa katika soko la Kariakoo jijini Dar es Salaam huwa na swali moja kabla hajafika kwenye bei: ni wa Kigoma au wa Mwanza? Muuzaji naye hujibu haraka, kwani jibu hilo ndilo litakaloamua bei yenyewe. Dagaa wa Kigoma huuzwa ghali zaidi, na wapo wateja ambao hawako tayari kupokea badala yake kitu kingine chochote.

Wengi hudhani kuwa tofauti iliyopo ni ya ziwa walikovuliwa tu. Sivyo. Dagaa wa Mwanza na dagaa wa Kigoma ni samaki wa koo mbili zisizohusiana kwa karibu. Yule wa Ziwa Victoria ni wa ukoo wa samaki ambao maisha yao yote ni ya mito na maziwa. Huyu wa Kigoma ni wa ukoo wa saladini, samaki ambao wengi wao huishi katika bahari yenye chumvi. Amefikaje katikati ya bara, zaidi ya kilomita 1,000 kutoka pwani, na kwa nini katika miongo ya karibuni amekuwa akipungua, ni maswali ambayo majibu yake yamo katika ziwa lenyewe, na hasa katika kina chake.

Kutoka Mchafukoge, safari ya kwenda katika ziwa hilo huanzia jirani tu. Stesheni ya zamani ya Reli ya Kati ipo hatua chache kutoka kata hii, na njia ya reli inayotoka hapo hukatisha Morogoro, Dodoma na Tabora hadi kuishia Kigoma, ukingoni mwa maji, baada ya kilomita 1,250 hivi. Ni ziwa hilo lililoipa nchi jina lake. Mwaka 1920, Waingereza walipokabidhiwa sehemu kubwa ya iliyokuwa Afrika Mashariki ya Wajerumani, walilichukua jina la ziwa wakaliita koloni lote Tanganyika. Na silabi ya kwanza ya jina Tanzania, lililotangazwa Oktoba 1964, imetoka huko huko.

Ziwa Tanganyika lina urefu wa kilomita 670 hivi kutoka kaskazini hadi kusini, lakini upana wake kwa wastani ni kilomita 50 tu. Eneo lake ni kilomita za mraba zipatazo 32,900, ambazo ni chini ya nusu ya eneo la Ziwa Victoria. Nchi nne zinaligawana: Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo yenye asilimia 45, Tanzania asilimia 41, Burundi asilimia nane na Zambia asilimia sita.

Anayelitazama kwenye ramani ataona mfereji mwembamba na hatashangazwa nalo. Ukubwa wake uko chini. Kina chake kirefu kabisa ni mita 1,470, na duniani ni Ziwa Baikal la Urusi pekee linalolizidi. Ziwa Victoria, pamoja na upana wake wote, kina chake hakifiki hata mita 90. Kwa sababu hiyo maji yaliyomo katika Tanganyika ni takriban mara saba ya yale ya Victoria, na inakadiriwa kuwa ni karibu asilimia 17 ya maji yote yasiyo na chumvi yaliyo juu ya uso wa dunia, ukiacha barafu. Uso wa ziwa uko mita 770 hivi juu ya usawa wa bahari. Maana yake ni kwamba sakafu yake iko mita 700 chini ya usawa huo. Kama maji ya ziwa yangeondolewa, mtu aliyesimama kwenye sakafu hiyo angekuwa chini kuliko mvuvi wa Feri hapa Dar es Salaam kwa zaidi ya nusu kilomita.

Shimo hilo halikuchimbwa na mto. Ni ufa. Ardhi ya Afrika inapasuka polepole kutoka kaskazini kwenda kusini, na Bonde la Ufa la Magharibi ni mojawapo ya mipasuko hiyo. Wanajiolojia wanaeleza kuwa ufa wa Tanganyika ulianza kufunguka kati ya miaka milioni tisa na milioni 12 iliyopita, ukizama na kujaa maji na matope kwa zamu. Maziwa mengi duniani ni ya juzi tu kwa hesabu hiyo, kwani hufukiwa na udongo wa mito kabla hayajazeeka. Tanganyika halikufukika kwa sababu sakafu yake iliendelea kuzama kila matope yalipotua.

Umri huo mrefu umewapa viumbe muda wa kutosha wa kubadilika. Katika miamba ya pwani zake wanaishi samaki wadogo wa rangi nyingi wa jamii ya sato, wapatao spishi 250, na karibu wote hawapatikani mahali pengine popote. Wapo wanaotagia ndani ya makombe matupu ya konokono, wapo wanaolea watoto wao kinywani, na wapo wanaoishi kwa kunyofoa magamba ya wenzao. Kuhe, ambaye wakazi wa Kigoma humtengea heshima ya pekee mezani, ni wa jamii hiyo hiyo na ndiye mkubwa kuliko wote. Yupo pia nyoka wa majini, aina ya swila, ambaye huwinda samaki kati ya mawe.

Wasafiri wa kisayansi wa karne ya 19 walipofika walistaajabu zaidi kuona viumbe ambao walidhani ni wa baharini. Walikuta konokono wenye magamba mazito kama ya pwani ya bahari, walikuta saladini, na mwaka 1883 Mjerumani mmoja, Richard Böhm, alitoa taarifa ya kuwapo kwa kiwavi cha maji, yule kiumbe laini kama utelezi ambaye waogeleaji wa pwani humwogopa kwa mwasho wake. Mwingereza J.E.S. Moore alifikia hatua ya kudai, katika kitabu alichokitoa mwaka 1903, kuwa ziwa hili ni mabaki ya bahari ya kale iliyoingia hadi katikati ya Afrika. Dai hilo lilivutia, lakini halikuwa sahihi. Konokono wale ni wa maji ya ziwa tangu asili; magamba yao yamekuwa mazito kwa kujikinga na kaa wanaowala. Mababu wa dagaa, kwa upande wao, walikuwa samaki wa baharini waliozoea maji ya mito mamilioni ya miaka iliyopita na hatimaye wakafika ziwani, ambako walikuta uwanda mpana wa maji ya wazi.

Dagaa wa Kigoma ni wa aina mbili. Yule mdogo, mwenye mng'ao wa fedha, ndiye dagaa mwenyewe. Mwenzake, aliye mkubwa kidogo, huitwa lumbu, na huyu amesafiri kuliko samaki wengi wa Afrika: mwishoni mwa miaka ya 1950 alipelekwa Ziwa Kivu, ambako sasa anaitwa sambaza, na mwaka 1967 na 1968 akapelekwa bwawa la Kariba mpakani mwa Zambia na Zimbabwe, ambako anaitwa kapenta na amekuwa msingi wa biashara kubwa. Wote wawili huwindwa na mgebuka, samaki mrefu mwembamba ambaye jina lake la kisayansi limetokana na Louis Stappers, daktari wa Kibelgiji aliyelichunguza ziwa hilo kati ya mwaka 1911 na 1913.

Hapa ndipo msomaji anapopaswa kukielewa kile kina. Maji ya Ziwa Tanganyika yamepangika kwa matabaka. Tabaka la juu lina joto la nyuzi 25 hadi 27 za Selsiasi, lina mwanga na lina hewa ya oksijeni. Tabaka la chini lina nyuzi 23 na ushei, ni giza, na halina oksijeni kabisa. Maji yenye joto ni mepesi, hivyo huelea juu ya yale ya baridi, na matabaka hayo hayachanganyiki kirahisi. Mpaka wa oksijeni uko kwenye mita 100 hivi upande wa kaskazini na mita 200 hivi upande wa kusini. Chini ya hapo hakuna samaki. Yaani sehemu kubwa mno ya ziwa hili linalosifika kwa samaki ni maji matupu yasiyoweza kumweka hai hata dagaa mmoja.

Lakini humo gizani ndimo ilimo mbolea. Kila mmea mdogo na kila mdudu wa majini anayekufa huzama, na virutubisho vyake hulundikana chini kama akiba kwenye ghala lisilo na ngazi. Kinacholifungua ghala hilo ni upepo. Kuanzia Mei hadi Septemba, upepo wa kusini-mashariki huvuma kwa nguvu kulifuata bonde zima la ziwa, ukiyasukuma maji ya juu kuelekea kaskazini. Kule kusini, upande wa Mpulungu na Kasanga, maji ya chini hupanda kujaza nafasi iliyoachwa. Upepo unapolegea, maji yaliyorundikwa kaskazini hurudi, na ziwa zima huyumba huku na huko kwa majuma kadhaa, mithili ya maji ndani ya beseni lililobebwa kichwani. Kila linapoyumba, virutubisho hupanda kidogo hadi kwenye mwanga, mimea midogo huota, vidudu huila, dagaa hula vidudu, na mgebuka hula dagaa.

Kwa maneno mengine, gunia la dagaa linaloshushwa Kariakoo ni matokeo ya upepo kuweza kulitikisa tabaka la juu kiasi cha kulifikia la chini. Tofauti ya joto baina ya matabaka hayo ni nyuzi chache tu, na ndiyo maana upepo huweza. Tofauti hiyo ikiongezeka, upepo ule ule hautoshi.

Mwaka 2003, watafiti walioongozwa na Catherine O'Reilly walichapisha katika jarida la Nature matokeo ya kulinganisha vipimo vya karibuni na vile vilivyochukuliwa na msafara wa mwaka 1913. Waligundua kuwa ziwa limepata joto, kwamba matabaka yake yameshikamana zaidi, na kwamba chakula kinachozalishwa humo kimepungua kwa asilimia 20 hivi, upungufu ambao wao walikadiria kuwa unaweza kumaanisha kupungua kwa samaki kwa asilimia 30. Mwaka 2016 kundi jingine, likiongozwa na Andrew Cohen, lilichimba tope la sakafu ya ziwa na kuhesabu mabaki ya samaki yaliyomo tabaka kwa tabaka. Mabaki hayo yalionyesha kuwa samaki walianza kupungua tangu katikati ya karne ya 19, kabla hata ya nyavu kubwa na taa za kisasa kufika.

Matokeo hayo hayawapi wavuvi hati ya kutokuwa na hatia. Yanaonyesha tu kuwa wao wanavua katika akiba ambayo tayari ilikuwa ikipungua.

Binadamu si mgeni katika bonde hili. Kwenye maporomoko ya Kalambo, mpakani mwa Tanzania na Zambia karibu na ncha ya kusini ya ziwa, wanaakiolojia walifukua magogo mawili yaliyochongwa na kuunganishwa kwa makusudi; taarifa iliyotolewa mwaka 2023 iliyapa umri wa miaka 476,000. Hao walioyachonga waliishi kabla ya kuwapo kwa binadamu wa aina yetu. Katika zama zilizo karibu zaidi nasi, chumvi ya Uvinza, karibu na Mto Malagarasi, iliwavuta watu kutoka pande zote za ziwa, nao walikuja na samaki, mawese na majembe ya kubadilishana.

Kisha ikaja misafara ya pwani. Katikati ya karne ya 19, Ujiji, mji ulio kilomita chache kusini mwa Kigoma ya leo, ulikuwa kituo cha mwisho cha njia iliyoanzia Bagamoyo na kupitia Tabora. Pembe za ndovu na watumwa kutoka Manyema, ng'ambo ya pili katika nchi ambayo sasa ni Kongo, walivushwa kwa mitumbwi na kushushwa hapo kabla ya kuanza safari ya miguu ya miezi kadhaa kwenda pwani. Hamed bin Muhammed el Murjebi, maarufu kwa jina la Tippu Tip, alijenga mamlaka yake ng'ambo hiyo, na mshirika wake Rumaliza aliitawala biashara ya Ujiji. Biashara hiyo ya aibu ndiyo iliyokivusha Kiswahili kwenda magharibi ya ziwa, na leo hii ni lugha ya mamilioni ya watu katika mashariki ya Kongo.

Wamanyema wenyewe walisafiri upande wa pili. Wengine waliletwa utumwani, wengine walikuja kama wapagazi na askari, na baada ya muda walikuwa mojawapo ya jamii zilizoijenga Kariakoo ya Waafrika wakati wa ukoloni. Msikiti wa Manyema uliopo Kariakoo umebeba jina hilo hadi sasa, ijapokuwa wengi wanaopita mbele yake hawajui kuwa ni jina la nchi iliyo ng'ambo ya Ziwa Tanganyika.

Wazungu wa kwanza kuliona ziwa hilo na kuliandikia habari, Richard Burton na John Speke, walifika Ujiji Februari 1858 wakiongozwa na watu wa misafara ambao walikuwa wakiijua njia hiyo kwa miaka mingi. Burton alitumaini kuwa hapo ndipo chanzo cha Mto Nile. Ingetosha kwake kuona Mto Ruzizi, ulioko kaskazini, ukitoka ziwani. Wenyeji walimwambia kuwa unaingia, na hakufurahi. Mwaka 1871 Henry Morton Stanley alipomkuta David Livingstone hapo Ujiji, wawili hao walipiga makasia hadi kaskazini na kuthibitisha kwa macho yao kuwa wenyeji walisema kweli. Ruzizi unaingia, ukileta maji ya Ziwa Kivu.

Basi maji yanatokea wapi? Zaidi ya tisa ya kumi ya maji yanayopotea huenda hewani kwa mvuke. Mlango pekee ni Mto Lukuga, upande wa Kongo, nao una tabia ya ajabu. Verney Lovett Cameron alipoufikia mwaka 1874 aliukuta umezibwa na majani na matope. Ziwa likawa linapanda mwaka hadi mwaka, likimeza miti na mashamba ya pwani. Mwishoni mwa miaka ya 1870 maji yaliuvunja ule mziba, na mmisionari Edward Coode Hore, aliyekuwa akiishi Ujiji, akashuhudia ziwa likishuka. Hadi kufikia mwisho wa karne hiyo lilikuwa limeshuka kwa takriban mita 10, na bandari ya kale ya Ujiji ikajikuta mbali na maji. Ni habari ambayo ingefaa ikumbukwe na kila anayepanga kujenga ufukweni.

Reli ilifika Kigoma mwanzoni mwa mwaka 1914, miezi michache kabla ya Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia. Nyuma yake ilifuata meli. Graf von Götzen iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, kisha ikafunguliwa vipande vipande, ikafungashwa katika makasha 5,000 na kuletwa kwa bahari hadi bandari ya Dar es Salaam. Makasha hayo yalipakiwa kwenye mabehewa hapa hapa mjini na kwenda kuunganishwa upya Kigoma, ambako meli ilishushwa majini Februari 5, 1915.

Kwa muda Wajerumani walikuwa mabwana wa ziwa. Waingereza walijibu kwa kusafirisha boti mbili ndogo, Mimi na Toutou, kutoka Cape Town kwa reli na kisha kuzikokota juu ya milima ya Kongo. Desemba 26, 1915 boti hizo ziliiteka meli ya Kingani, na Februari 1916 zikaizamisha Hedwig von Wissmann. Wabelgiji walipoikaribia Kigoma, Julai 1916, mafundi wa Kijerumani waliipaka mitambo ya Götzen mafuta mazito ili isiote kutu, kisha wakaizamisha wenyewe. Waliamini kuwa ipo siku itahitajika.

Hawakukosea. Waingereza waliiibua mwaka 1924 na Mei 1927 ikaanza tena safari ikiwa na jina la Liemba, ambalo ni jina la kale la sehemu ya kusini ya ziwa. Mwaka huo huo wa 1927 ilizinduliwa sanamu ya Askari katikati ya jiji la Dar es Salaam, ambayo maandishi yake yanawataja pia wapagazi. Hao wapagazi waliobebeshwa mizigo ya jeshi la Waingereza walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi. Kikosi chao kiliitwa kwa Kiingereza Carrier Corps. Kambi yao ilikuwa upande wa magharibi wa Mnazi Mmoja, na matamshi ya wenyeji yakaligeuza jina hilo kuwa Kariakoo.

Liemba haikuwa meli ya mizigo na abiria tu. Katika miaka ambayo nchi za jirani zilikumbwa na vita, ziwa lilikuwa njia ya kukimbilia uhai. Warundi walilivuka mwaka 1972 na tena mwaka 1993. Wakongo wakafuata mwaka 1996 na 1997. Mei 2015, makumi ya maelfu ya Warundi walipokwama katika kijiji cha Kagunga, kati ya mlima na maji, Liemba ndiyo iliyowachukua kwa awamu hadi Kigoma, ambako walipokelewa katika Uwanja wa Lake Tanganyika kabla ya kupelekwa kambi ya Nyarugusu. Meli hiyo ilikuwa na umri wa miaka 100.

Wengine walilivuka kwa madhumuni tofauti. Ernesto Che Guevara alitokea Kigoma usiku wa Aprili 1965 kwenda kuwasaidia wapiganaji wa Kongo, akarudi kwa njia hiyo hiyo Novemba akiwa ameshindwa, na kuziandika kumbukumbu zake akiwa amejificha hapa Dar es Salaam. Jane Goodall, aliyefariki dunia Oktoba 2025 akiwa na miaka 91, alishuka kwenye ufukwe wa Gombe Julai 1960 na kuuonyesha ulimwengu kuwa sokwe hutengeneza zana.

Tukirudi kwa dagaa, uvuvi wake ni wa usiku wa giza. Mitumbwi miwili hufungwa pamoja, taa huning'inizwa juu ya maji, na dagaa hupanda kuufuata mwanga hadi juu ya wavu uliotegwa chini. Zamani taa hizo zilikuwa karabai za mafuta ya taa. Siku hizi ni za betri na umeme wa jua. Mbalamwezi inapokuwa kali, wavuvi hupumzika, kwani taa hazina nguvu mbele ya mwezi. Samaki hao huanikwa siku ya pili. Waliokaushwa juu ya vichanja hufika sokoni wakiwa safi. Waliotandazwa ufukweni hufika na mchanga, na mama wa nyumbani wa Kariakoo huutambua mchanga huo kwa kidole kabla ya kufungua pochi.

Uvuvi wa meli za nyavu kubwa ulianzishwa na Wagiriki upande wa Burundi miaka ya 1950. Ulistawi, kisha katika miaka ya 1990 samaki wakapungua kaskazini na meli zilizobaki zikahamia Mpulungu, Zambia. Wakati huo makadirio ya samaki wote waliovuliwa ziwani yalikuwa kati ya tani 165,000 na 200,000 kwa mwaka, na kwa wakazi wa bonde zima samaki hao walikuwa robo au zaidi ya protini yote ya wanyama waliyoipata. Tangu hapo idadi ya wavuvi wadogo imeongezeka sana, na malalamiko ya kurudi na mitumbwi mitupu yamekuwa ya kawaida katika mialo.

Mkataba wa kulisimamia ziwa kwa pamoja ulitiwa saini na nchi zote nne hapa Dar es Salaam, Juni 12, 2003, na kutokana nao ikaundwa Mamlaka ya Ziwa Tanganyika yenye makao yake Bujumbura. Ilichukua zaidi ya miaka 20 kabla hatua kali haijafika majini. Mwaka 2024 Serikali ya Tanzania ilisimamisha uvuvi katika ziwa hilo kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15 ili samaki wapate nafasi ya kuzaliana na kukua. Wavuvi walilalamika kuwa wanaondolewa riziki, na wafanyabiashara wa Kariakoo walijua kuwa bidhaa ingeadimika.

Miezi iliyochaguliwa ina mantiki. Ndiyo miezi ya upepo, wakati ambapo chakula kinapanda kutoka kilindini. Kumwachia dagaa nafasi wakati huo ni kumwachia aishi katika msimu wake wa neema. Lakini kwa maoni ya mwandishi huyu, hatua hiyo inashughulikia upande mmoja tu wa hesabu. Wavu unaweza kukunjwa kwa amri ya waziri. Joto la maji haliwezi. Iwapo tabaka la juu litaendelea kupata joto na ghala la chini likazidi kufungwa, miezi mitatu ya mapumziko italinda samaki waliopo bila kurudisha wingi wa zamani, na serikali inapaswa kuwaeleza wavuvi hivyo kabla hawajaanza kuhesabu faida isiyokuja.

Wakati huo huo ziwa limeanza tena tabia yake ya karne ya 19. Tangu karibu mwaka 2018 maji yamekuwa yakipanda kutokana na mvua kubwa, na kujaa kwa matope katika mdomo wa Lukuga kumetajwa miongoni mwa sababu. Mwaka 2020, 2021 na 2024 mafuriko yaliwahamisha maelfu ya watu huko Gatumba na katika vitongoji vya Bujumbura. Upande wa Kigoma, mwalo wa Kibirizi ulivamiwa na maji, na wafanyabiashara walilazimika kurudi nyuma na vichanja vyao, juu zaidi kwenye mteremko.